“Pari wa Venisi”: kukatalogi Nyanda za Juu Kusini kwa jicho la Henriette Avram

Chukua Mabepari wa Venisi, tafsiri ya Mwalimu Nyerere iliyotoka mwaka 1969, uiingize kwenye kompyuta kwa njia ya mkato. Unavuta rekodi ya Kiingereza ya The Merchant of Venice, unafuta jina, unaandika la Kiswahili, unahifadhi. Kwenye skrini jina limekaa vizuri, herufi zote zipo. Lakini orodha ikipangwa kwa alfabeti, kitabu hukikuti kwenye M. Kiko kwenye P, baada ya Paradiso na kabla ya Pasaka, kwa sababu mashine inakipanga kama “pari wa Venisi”.

Kosa ni tarakimu moja. Rekodi hugawanywa vipande vyenye namba, vinavyoitwa fildi. Fildi ya 245, ambayo ndiyo ya jina la kitabu, ina viashirio viwili, yaani tarakimu mbili za maelekezo, na cha pili kinaiambia mashine iruke nafasi ngapi kabla ya kuanza kupanga. “The” ni herufi tatu, ongeza na nafasi tupu inayofuata, jumla 4. Kiswahili hakina kijineno cha aina hiyo mbele ya majina, kwa hiyo kwa kitabu cha Kiswahili kiashirio hicho ni 0. Ukiisahau ile 4, mashine inameza M, a, b, e, na haikuambii kitu. Ndiyo maana kosa hili linaweza kukaa miaka: anayetafuta kwa neno anakipata kitabu, anayepitia orodha hakipati, na kila mmoja anadhani mwenzake hajui kutafuta.

Ile tarakimu haikuwekwa kwa urasimu. Inatokana na kazi ya Henriette Avram, mzaliwa wa New York wa mwaka 1919, ambaye hakuwa mkutubi kwa kusomea. Alikuwa mwandishi wa programu za kompyuta, aliyeingia Maktaba ya Bunge la Marekani mwaka 1965 akakuta ukatalogi ni elimu ya watu waliokwisha kukubaliana mambo mengi bila kuyaandika. Mkutubi akishika kadi na kuona 1969 mwishoni mwa mstari wa mchapishaji, anajua ni mwaka wa kuchapishwa. Akiona 1564-1616 ubavuni mwa jina la Shakespeare, anajua ni kuzaliwa na kufa. Mashine inaona tarakimu tu. Avram aliivunja kadi kipande kwa kipande, na kila kipande akakipa namba na mipaka yake. Matokeo yake ni MARC, yaani katalogi inayosomwa na mashine. Majaribio yalianza mwaka 1966 na maktaba 16; mwaka 1969 rekodi zikaanza kusambazwa kwa kanda za sumaku; mwaka 1971 mfumo ukawa kiwango cha taifa la Marekani, na mwaka 1973 ukawa kiwango cha kimataifa, ISO 2709. Alistaafu mwaka 1992 na kufariki mwaka 2006. MARC 21 tunayotumia leo ndani ya Koha na programu nyingine za maktaba ni mjukuu wa kazi hiyo, iliyopewa jina hilo mwaka 1999.

Kwetu, wakati majaribio yale yanaendelea, huduma ya maktaba ya taifa ndiyo ilikuwa inasimama kwa miguu yake. Sheria ya kuianzisha ilipitishwa mwaka 1963, na Maktaba Kuu ya Taifa Dar es Salaam ikafunguliwa na Rais Nyerere tarehe 9 Desemba 1967. Kazi ilikuwa ya kadi: sentimita 7.5 kwa 12.5, tundu katikati chini, fimbo ya chuma kuzishikilia kwenye droo. Baadhi ya maktaba za Mbeya, Iringa na Njombe bado zina droo hizo, na zinapohamia kompyuta ndipo makosa ya aina ya “pari wa Venisi” yanapozaliwa. Kadi ilivumilia uzembe kwa sababu aliyeisoma alikuwa mtu.

Turudi kwenye tamthiliya yetu, kwa sababu kitabu hiki kimoja kinafundisha nusu ya kazi.

Fildi ya 100 ni ya mtunzi. Hapa ni Shakespeare, si Nyerere, hata kama jina la Nyerere ndilo litakalomleta msomaji. Nyerere anakwenda fildi ya 700, pamoja na neno linaloonyesha kuwa ni mfasiri. Wapo wanaomweka Mwalimu kwenye 100 kwa heshima. Heshima hiyo inaitenga tafsiri na kazi zote nyingine za Shakespeare, na msomaji anayetafuta Shakespeare kwa Kiswahili anatoka mikono mitupu. Jina la asili la Kiingereza linaingia fildi ya 240, ili tafsiri na asili zikutane.

Lugha inaandikwa mahali pawili. Fildi ya 041 inabeba swa kama lugha ya maandishi na eng kama lugha iliyotafsiriwa, na kiashirio chake cha kwanza ni 1 kwa sababu ni tafsiri. Fildi ya 008, ule mstari wa nafasi 40 ambao watu wengi wanauruka kwa kuuogopa, nayo ina lugha kwenye nafasi ya 35 hadi 37 na nchi kwenye nafasi ya 15 hadi 17. Tanzania ni tz na nafasi moja tupu. Ukiisahau nafasi tupu, kila kinachofuata kinasogea hatua moja kushoto, na lugha inasomeka upuuzi. Ukinakili rekodi ya Kiingereza bila kugusa 008, kitabu kinabaki cha Kiingereza kilichochapishwa Uingereza. Mwanafunzi akichuja matokeo kwa Kiswahili, hakimo.

Kisha namba ya Dewey, ile inayopanga vitabu rafuni kwa mada. Asiyefungua kitabu anaona neno “mabepari” anakipeleka 330.122, kwenye ubepari, kikae na wanauchumi. Kanuni inasema tafsiri hubaki kwenye fasihi ya lugha ya asili, kwa hiyo ni 822.33, namba ya Shakespeare. Hapa pana ubishi wa haki kabisa: mwanafunzi wa sekondari anayetafuta tamthiliya ya Kiswahili atakwenda 896.392. Maoni yetu ni kuacha 822.33 kwenye mgongo wa kitabu, kuongeza “Tamthiliya za Kiswahili” kwenye fildi ya 655, na kuweka kipande cha ubao chenye maandishi kwenye rafu ya 896.392 kinachoelekeza 822.33. Ubao ni bei ndogo kuliko kuvunja kanuni kwa kitabu kimoja, maana ukiivunja kwa kimoja utaulizwa na cha pili.

Majina ya watu ndiko ugumu wa huku kwetu ulipo. Anza na Mkwawa. Kwenye maandishi utamkuta kama Mkwawa, Mkwavinyika, Mkwava, na kwenye vitabu vya Wajerumani, Quawa. Ukiandika kila kitabu kama kilivyoandika chenyewe, mtemi mmoja wa Uhehe anakuwa watu wanne. Fildi ya 245 lazima inakili kilichochapwa, hata kama ni Quawa. Lakini fildi ya 600, anapokuwa mada ya kitabu, ichague umbo moja na kuling’ang’ania: Mkwawa, pamoja na mwaka wa kifo, 1898. Maumbo mengine yanakwenda kwenye rekodi ya jina lenyewe, iliyo tofauti na ya kitabu, fildi za 400, ili anayeandika Quawa aelekezwe anakopaswa kwenda. Mwaka wa kifo ni muhimu kwa sababu ukoo umeendelea: Adam Sapi Mkwawa, mjukuu wake aliyekuwa Spika wa Bunge, ni mtu mwingine, na bila mwaka wanachanganyika. (Kwa wanaopenda sadfa: kipengele cha Mkataba wa Versailles kilichoitaka Ujerumani irudishe fuvu la Mkwawa ni cha 246, na 246 kwenye MARC ni fildi ya jina mbadala la kitabu. Fuvu lilifika Kalenga mwaka 1954.)

Tuhamie Mbeya. Kanuni ya kawaida ya lebo ni namba ya Dewey, chini yake herufi tatu za kwanza za jina la ukoo la mtunzi. Jaribu hiyo kwa waandishi wa Rungwe na Kyela. Mwakyusa: MWA. Mwakipesile: MWA. Mwakasege: MWA. Mwandosya: MWA. Mwambungu: MWA. Rafu nzima inasoma neno moja, na msaidizi anayerudisha vitabu anavichomeka popote penye MWA na dhamiri yake safi. Dawa ni herufi tano: MWAKY, MWAKI, MWAKA, MWAND, MWAMB. Amua hivyo kabla ya kitabu cha kwanza kuwekwa lebo, maana kubandua lebo elfu mbili si kazi ya mchezo. Lebo ikae sentimita 3 kutoka chini ya mgongo. Kitabu chembamba kisicho na mgongo wa kutosha, ibandike kona ya chini kushoto ya jalada la mbele, si ndani.

Majina yenye “bin” na “binti” yanahitaji uamuzi wa namna hiyohiyo. Fungua ukurasa wa jina uone mtu mwenyewe anajiandikaje, kisha umbo hilo litumike kwa vitabu vyake vyote. Jalada si shahidi mzuri. Jalada hutengenezwa na msanii wa mchapishaji, na anaweza kupunguza jina ili picha itoshe.

Sasa mada, na hapa Kiswahili kinakataa kabisa mazoea ya Kiingereza. Mkulima anasimama kwenye meza ya mbele: “Dada, samahani, mna kitabu cha kiazi mviringo?” Dada anaandika “kiazi mviringo”, mashine inajibu hakuna. Vipo sita, vyote chini ya “viazi mviringo”. Kwa Kiingereza mtu hukata mwisho wa neno akaweka nyota, na umoja na wingi vyote vinakuja. Kiswahili kinageuka mbele: kiazi na viazi, mti na miti, jani na majani. Nyota mwishoni haisaidii chochote. Kanuni inayofanya kazi ni kutumia wingi kwa kila kinachohesabika, halafu umoja uandikwe kama rejeo kwenye rekodi ya mada. Ongeza hapo na majina mengine ya mitaani: viazi ulaya, mbatata. Namba ya Dewey ya viazi hivyo, 635.21, haijali vinaitwaje, lakini wanaotafuta kwa namba ni sisi wenyewe.

Makabila ni hadithi hiyohiyo, mbaya zaidi. Mtu ni Mhehe, watu ni Wahehe, lugha ni Kihehe, nchi ni Uhehe. Maneno manne, droo nne. Halafu W inajaa: Wabena, Wahehe, Wakinga, Wandali, Wanyakyusa, Wanyiha, Wasafwa, Wasangu, wote mlango mmoja. Ndiyo maana orodha ya mada ya Maktaba ya Bunge la Marekani hutumia mzizi, Hehe, kwa watu na kwa lugha. Kwenye droo za kadi, mzizi ni akili. Kwenye kompyuta tunapendelea kuandika Wahehe na Kihehe kama msomaji anavyosema, na mzizi ukae kwenye rejeo. Mashine haina droo inayojaa. Ila usichanganye: nusu ya katalogi ikiwa na “Hehe” na nusu “Wahehe”, umepata ubaya wa pande zote mbili.

Neno moja au mawili? Vita vya 1905 hadi 1907 vinaandikwa Maji Maji na Majimaji. Kwa upangaji wa neno kwa neno, Maji Maji inatangulia, halafu Majibu, halafu Majilio, ndipo Majimaji. Vitabu vya vita vilevile vinatenganishwa na mitihani na Krismasi. Andika fildi ya 246 yenye umbo la pili kwa kila kimoja. Ni dakika moja.

Mipaka ya mikoa nayo inahama. Kitabu cha mwaka 1985 kuhusu Makete kitasema Mkoa wa Iringa, na kilikuwa sahihi. Njombe ilifanywa mkoa mwaka 2012 ikaichukua Makete. Mbozi na Ileje zilikuwa Mbeya hadi Songwe ilipoanzishwa mwaka 2016. Usisahihishe jina la kitabu. Kwenye mada ya mahali, fildi ya 651, andika wilaya na mkoa wa sasa, na rejeo kutoka mkoa wa zamani. Taasisi vilevile: machapisho ya kilimo ya Uyole yana jina la Uyole Agricultural Centre kwa ya zamani na TARI (Taasisi ya Utafiti wa Kilimo Tanzania) Uyole kwa ya leo. Kila chapisho libaki na jina la wakati wake kwenye 110, na majina yaunganishwe kwenye rekodi ya jina kwa fildi ya 510, inayosema “tazama pia”. Ukiyageuza yote kuwa TARI, utakuwa umeandika kuwa taasisi ilichapisha kabla ya kuzaliwa.

Kazi yenyewe ya kuhamisha maktaba ya kadi inakwenda hivi. Anza na droo ya kadi za rafu, ile iliyopangwa kwa namba ya Dewey na kukaa ofisini, kwa sababu ndiyo yenye namba za kuandikishwa na idadi ya nakala. Toa kadi kumi, nenda nazo rafuni, leta vitabu kumi mezani. Usikatalogi kutoka kwenye kadi peke yake. Kadi inaweza kuwa ya chapa ya kwanza na kitabu kilichopo ni cha tatu. Kisichopatikana, kadi yake iwekewe klipu, isiingizwe. Maktaba iliyoingiza kadi zote kwanza na kutafuta vitabu baadaye inabaki na katalogi ya vitabu marehemu.

Kwa kila kitabu, tafuta kwanza kama rekodi ipo kwingine. Koha ina sehemu ya kutafuta kwenye maktaba nyingine kwa ISBN, namba ya utambulisho wa kitabu, na kuvuta rekodi nzima, na huu ndio uzuri wa jambo alilolipigania Avram: kitabu kikatalogiwe mara moja, wengine wanakili. Vitabu vya Tanzania utavitambua kwa 9976 au 9987 kwenye ISBN, na katika zile za tarakimu 13 zinatanguliwa na 978. Lakini ISBN haitoshi kuwa ushahidi, maana wapo wachapishaji wadogo wanaoitumia moja kwa vitabu viwili. Linganisha vitu vinne: jina, mtunzi, mwaka pamoja na chapa, na idadi ya kurasa. Kimoja kikipishana, simama. Vyote vikikubaliana, vuta, kisha kagua kiashirio cha pili cha 245, lugha, nchi na namba ya Dewey. Mwisho jaza 952, ambayo ni fildi ya Koha yenyewe kwa ajili ya nakala: bakodi, namba ya rafu, tawi, aina. Rekodi moja, nakala nyingi. Kosa tunalolikuta mara nyingi kuliko yote ni rekodi tano za kitabu kimoja kwa sababu nakala ni tano.

Mtu makini, akiwa na kitabu mkononi, ahesabu rekodi 20 hadi 30 kwa siku. Anayeleta 100 kagua kazi yake, hasa ya mchana. Na umeme ukiwa wa kukatika, hifadhi kila baada ya kujaza 245, usisubiri mwisho wa fomu.

Usiandike rekodi kwenye Word halafu ukabandike. Word hugeuza alama ya juu katika neno ng’ombe kuwa ya kupinda, kibodi ya msomaji inatoa iliyonyooka, na kwenye mfumo usiozilinganisha ng’ombe wako wawili hawajuani. Vitabu vya wamisheni vina tatizo la karibu na hilo. Wamoravian wa Rungwe na Waberlin walifika Unyakyusa mwaka 1891, na maandishi yao yana ü na ö kila mahali. Zikigeuka alama za kuuliza, angalia kiongozi cha rekodi, zile nafasi 24 za mwanzo kabisa. Hesabu kuanzia 0. Nafasi ya 9 iwe na herufi a, ikimaanisha Unicode, mfumo wa sasa wa herufi. Ikiwa tupu, mashine inasoma kwa mfumo wa zamani. Ila usiibadilishe kwa mkono tu ukadhani umemaliza: herufi zilizokwisha kuharibika hazirudi, chukua faili la awali uliingize upya.

Droo za kadi zisiunguzwe haraka. Tukuyu na mvua zake, kadi hunyonya unyevu, huvimba, fimbo inakwama, na anayeivuta kwa nguvu anachana matundu. Acha sentimita tano za nafasi kwenye kila droo, inua kabati kutoka sakafuni, usilisogeze ukutani kabisa. Zitahitajika kila rekodi itakapoleta shaka, na katika miaka miwili ya mwanzo ni nyingi.

Kila Ijumaa toa rekodi zote kwenye faili la mrc, nakala mbili, moja itoke nje ya jengo. Faili hilo ni ISO 2709 ileile ya 1973, kwa hiyo programu ikibadilika bado litasomeka. Mara moja kwa mwezi lifungue kwenye kompyuta nyingine kabisa, tafuta ng’ombe, kisha ulipange kwa jina uone Mabepari wamekaa wapi.